Presha Inaposhuka Mezani

Mama anayejifungua kwa upasuaji huchomwa sindano ya ganzi mgongoni. Ndani ya dakika chache miguu inakufa ganzi, na mishipa ya damu inalegea pamoja nayo. Presha inaporomoka. Mama anasikia kichefuchefu na kizunguzungu, na damu inayofika kwenye kondo la nyuma kumhudumia mtoto nayo inapungua. Dripu na kumlaza mama akiegemea kushoto husaidia, ila mara nyingi havitoshi, ndipo inapohitajika dawa ya kubana mishipa.

Kwa miongo mingi dawa hiyo ilikuwa efedrini. Ubaya wake ni kwamba hupenya kondo la nyuma na kuongeza asidi katika damu ya mtoto. Mwaka 2018 wataalamu wa nchi mbalimbali walipendekeza fenilefrini, itiririshwe mapema bila kusubiri presha ianguke. Nayo ina lake: hupunguza kasi ya mapigo ya moyo, kwa hiyo moyo ukienda taratibu mno efedrini bado ina kazi.

Kwangu mimi, hatari iko kwenye kichupa. Fenilefrini mara nyingi huja na miligramu 10 katika mililita moja, na huzimuliwa mara 100 kabla ya kutumika. Akikosea mtu aliyekesha zamu, presha hupaa ghafla. Mabomba ya sindano yenye dawa iliyokwisha kuzimuliwa kiwandani yapo, lakini ni ghali. Basi hospitali ziwe na angalau lebo, na mtu wa pili wa kuhakiki kipimo.