Ploti Yenu Iko Upande Gani wa Mstari?

Maongezi kwa viongozi wa vikundi vya kujisaidia



 Nimeombwa niongee juu ya miji midogo na mipaka yake. Najua kuna mtu anajiuliza: sisi ni watu wa mahindi na viazi, mambo ya mji yanatuhusu nini? Basi nianze na kisa.

Kuna kikundi cha akina mama, sitataja jina wala mahali, kilichoweka akiba kwa miaka mingi. Pesa za mayai, pesa za maziwa, pesa za mchango wa mzunguko. Wakampata mzee mwenye shamba kando ya lami, pale kwenye senta. Senta yenyewe ilikuwa na maduka, bucha mbili, kinu cha kusaga unga na hata kinyozi. Walitaka nusu ekari wajenge duka la mbegu na mbolea, na chumba cha mikutano. Wakalipa zote. Makubaliano yakaandikwa, mashahidi wakatia sahihi, soda zikanywewa. Wakaambiwa, "Hapa ni mjini, ploti ya mjini haiendi kwa bodi ya ardhi." Wakakubali, maana kwa macho pale palikuwa mji kweli.

Yule mzee akafariki kabla ya kuwahamishia hati. Watoto wake walipoenda kwa wakili waliambiwa kwamba senta ile haijawahi kutangazwa kuwa mji wala soko. Mbele ya sheria, hapo ni shamba. Na kuuza shamba bila kibali cha bodi ni kazi bure. Akina mama wakabaki na karatasi mkononi, na ukuta uliofika usawa wa dirisha.

Mimi nilialikwa siku ya kuweka jiwe la msingi. Nilipiga makofi kama wengine na nikala wali. Sikuuliza swali hata moja. Ndiyo sababu nimesimama hapa.

Sasa, mji ni nini? Sisi tukiona maduka na watu wengi tunasema ni mji. Sheria haihesabu maduka. Kwa sheria mji ni mstari uliochorwa kwenye ramani na kutangazwa. Ndani ya mstari ni mji hata kama kuna ng'ombe wanalisha. Nje yake ni shamba hata kama kuna gorofa.

Mambo haya yalianza zamani. Mwaka 1900 Nairobi ilipowekewa kanuni zake za kwanza za mji, mpaka ulikuwa duara tu: kila kitu kilicho ndani ya maili moja na nusu kutoka ofisi ya ofisa wa serikali wa Ukamba. Hebu fikiri, mtu anashika bikari, anazungusha, na watu wa ndani ya duara wana sheria yao na wa nje wana yao. Nakuru yetu, iliyoanza kama stesheni ya reli, ilifanywa mji mdogo, au taunishipu kama walivyoita wakoloni, mwaka 1904. Mstari ulichorwa na watu wa kawaida hawakuulizwa.

Neno hilo taunishipu lina maana nyingine huko Marekani, nami nimeona lina somo kwetu. Mwaka 1785 walitunga sheria ya kupima nchi kabla ya kuiuza. Taunishipu ilikuwa kipande cha maili 6 kwa maili 6, kikakatwa mafungu 36, kila fungu ekari 640. Katika majimbo mengi kipande hichohicho cha mpima ardhi kikaja kuwa serikali ndogo ya watu wa hapo. Na sheria ilisema fungu nambari 16 ni la kusaidia shule. Kabla mnunuzi hajafika, ardhi ya shule ilikwisha kuandikwa nambari. (Sisemi walikuwa watakatifu. Ardhi hiyo ilikuwa na wenyewe kabla ya kupimwa, na sisi wa Bonde la Ufa hatuhitaji kufundishwa habari hizo.)

Kwetu mstari wa mpima na mstari wa utawala ulienda kila mmoja njia yake, na hapo ndipo watu wengi wanapotea. Baada ya uhuru mashamba makubwa ya walowezi hapa Nakuru yalinunuliwa na vyama vya ushirika na kampuni za kununua ardhi. Wanachama wakaokota kura, mpima akakata, na ardhi ikaingizwa kwenye daftari kwa bloki. Ndiyo maana hati ya mmoja inasema Bahati/Kabatini Block 1, ya mwingine Dundori/Lanet, ya mwingine Njoro/Ngata, na ya mtu wa mjini inasema Nakuru Municipality Block fulani. Sasa sikilizeni vizuri. Hayo ni majina ya daftari. Mpaka wa mji ukisogezwa baadaye, jina kwenye hati halisogei pamoja nao. Unaweza kuwa na hati yenye jina la lokesheni na uwe ndani ya mji. Na hati zinazosema Nakuru Municipality bado zinasema hivyo, ingawa baraza lile la manispaa liliisha baada ya uchaguzi wa Machi 2013, na Nakuru imekuwa jiji tangu tarehe 1 Desemba 2021. Kwa hiyo usisome hati yako ukadhani umejua uko upande gani.

Mbona upande uwe jambo kubwa hivyo? Kwa sababu ya sheria ya kudhibiti ardhi ya mwaka 1967, Sura 302. Sheria hiyo inasema ardhi ya kilimo haiuzwi, haigawanywi wala haikodishwi bila kibali cha bodi ya ardhi. Halafu inaeleza ardhi ya kilimo ni ipi: ni ile isiyokuwa ndani ya manispaa, mji mdogo au soko. Inaongeza pia kwamba mahali palipokuwa mji mdogo au senta ya biashara kwa sheria za zamani, wakati wowote kuanzia tarehe 1 Julai 1952, hapahesabiwi kuwa ardhi ya kilimo. Mnaona mchezo? Kasenta kadogo kenye maduka matatu ya mabati kanaweza kuwa nje ya mamlaka ya bodi kwa sababu mkoloni alikaandika. Na senta kubwa ya juzijuzi kando ya lami, yenye taa na maduka ya simu, ikawa bado ni shamba. Juu ya hayo, serikali inaweza kutangaza ardhi fulani iliyo ndani ya mji kuwa ya kilimo. Kwa macho huwezi kujua.

Na saa inaanza kuhesabu siku mliyokubaliana. Ombi la kibali linatakiwa kufika kwa bodi ndani ya miezi 6 tangu makubaliano. Muda ukipita, makubaliano ni batili, mpaka mahakama ikubali kuongeza muda. Pesa yako sheria inakuruhusu kuidai kama deni. Lakini deni la shilingi za miaka kumi iliyopita litanunua nini leo? Hata kuendelea kukaa kwenye ardhi ile kwa mauzo yaliyobatilika sheria inakuhesabia kosa. Kweli zipo kesi ambapo mahakama ilimtetea mnunuzi aliyelipa na kukaa. Lakini hizo ni kesi za miaka na za wakili, si za pesa za mayai.

Baraza la Manispaa ya Nakuru, Baraza la Mji la Molo, na ile kansili ya kaunti ya zamani, yote yalivunjwa 2013. (Wazee mkisikia kaunti msichanganye ile kansili na serikali ya kaunti ya sasa, ni vitu viwili.) Siku hizi sheria ya miji ni ile ya 2011, iliyorekebishwa 2019. Jiji linahitaji watu 250,000, manispaa 50,000, mji 10,000, na senta ya soko 2,000. Nakuru katika hesabu ya 2019 ilikuwa na watu 570,674. Lakini idadi peke yake haifanyi mji. Lazima hadhi itolewe na mpaka uchorwe. Watu 2,000 wakijaa kwenye senta yenu leo jioni, kesho asubuhi bado ni senta ile ile.

Nimeulizwa mara nyingi tangu 2021: jiji likipanuka litachukua shamba langu? Hapana. Mstari ukipita juu ya shamba lako hati yako inabaki yako. Serikali ikitaka kipande kwa barabara au kazi nyingine ya umma, kuna utaratibu, na Katiba katika kifungu cha 40 inasema ulipwe fidia ya haki bila kucheleweshwa. Kinachoweza kubadilika ni mengine. Unaweza kuanza kudaiwa kodi ya ardhi, ambayo usipolipa inapanda kimyakimya, na siku ya kuwahamishia watoto unakuta mlango umefungwa mpaka deni liishe. Kugawanya na kujenga nako kuna masharti ya mpango wa mji. Ndiyo sababu kukiitwa mkutano wa kuzungumzia mipaka au mpango wa mji msikose. Sheria inawapa wakazi nafasi ya kusikizwa, na kiti kitupu hakisemi.

Mpaka wa ploti yenyewe sasa. Mashambani kwetu ramani nyingi za daftari zinaonyesha mpaka kwa kukadiria tu. Ua wa mikengeta au mfereji ndio unaosimama badala ya kipimo, na ugomvi ukitokea sheria ya 2012 inasema Msajili wa Ardhi asikize kwanza, kabla ya mahakama. Ploti za mjini nyingi zina mipaka iliyopimwa kwa hesabu kamili, na chuma cha bikoni kwenye saruji. Kung'oa bikoni ni kosa la jinai. Na msikubali kupimiwa kwa hatua za mpwa wa muuzaji. Hata hii ploti ya futi 50 kwa 100 tunayoambiwa ni moja kwa nane ya ekari, pigeni hesabu: ni futi mraba 5,000, wakati moja kwa nane ya ekari ni 5,445. Hiyo iliyopungua ni karibu sawa na chumba cha futi 20 kwa 22. Mmelipia chumba ambacho hakipo.

Tena kwenye ramani hiyohiyo tafuteni ploti ya umma. Mashamba mengi yalipogawanywa yaliacha kipande cha shule, cha zahanati, cha josho, cha soko. Nambari yake iko kwenye ramani, lakini mwenyewe ni sisi sote, na mali ya wote hulindwa na nani? Tume ya Ndung'u iliyoundwa 2003 ilitoa ripoti 2004 ikaeleza jinsi ardhi za umma nchini, hata za shule na masoko, zilivyogawiwa watu binafsi. Nendeni kwa ofisi ya upimaji, nunueni nakala ya ramani ya bloki yenu, muulize kila ploti ya umma imeandikwa jina la nani. Kikundi kikichanga hakitashindwa na bei ya karatasi moja.

Mkitaka kununua, fanyeni hivi kabla hata ya kulipa arbuni. Chukueni nambari ya ploti, mfanye sachi kwa msajili wa ardhi, mjue mwenyewe ni nani na kama ina mkopo au zuio. Mwende ofisi ya mipango ya kaunti muulize kama nambari hiyo iko ndani ya mpaka wa mji uliotangazwa, na mwombe jibu kwa maandishi. Kisha mwende kwa bodi ya ardhi muulize vilevile. Wakiwaambia ploti hiyo haiwahusu, hilo pia liandikwe. Ofisa atawaambia, "Mama, mbona unanisumbua, si kila mtu anajua hapa ni mjini?" Mwambie kwa heshima kwamba hata wale wengine waliambiwa hivyo. Mume na mke wa upande wa muuzaji wote waje. Wana wakubwa pia wajue, maana ndio mtakaobaki nao.

Mkutano ujao kila kikundi kilete nakala ya hati au ya makubaliano, hata kama imeloa. Tutazipitia moja moja.

Mzee mmoja hapa mbele ameinua mkono. Anauliza, hao akina mama waliishia wapi?

Mzee wangu, hawajaishia. Baraza la parokia liliketi nao pamoja na watoto wa marehemu mara tatu. Kifungua mimba amekubali kwamba baba yake alipokea pesa, kwa sababu yeye mwenyewe alikuwa mmoja wa mashahidi. Wakili amewashauri wamalize kwanza kesi ya mirathi, halafu waandike makubaliano mapya na kuyapeleka kwa bodi kabla miezi 6 haijaisha. Mdogo wake bado anakataa, anasema bei ya sasa si ile. Faili iko mahakamani. Ukuta bado uko usawa wa dirisha, na mvua ya mwaka jana iliangusha pembe moja.