Rosterman: Dhahabu Iliyotoka na Mashimo Yaliyobaki

Maandishi ya mazungumzo ya afisa wa habari wa kaunti na wakazi wa Bukura



Kabla ya kikao kuanza, kijana mmoja aliniuliza: "Wazungu waliacha Rosterman. Si ina maana dhahabu iliisha?" Swali lake ndilo mazungumzo yangu ya leo.

Tuanze na mwamba. Miamba iliyo chini ya Kakamega ni miongoni mwa miamba mizee ya Afrika Mashariki, yenye umri wa zaidi ya miaka bilioni 2.5. Mingine ilitokana na volkeno, mingine na mchanga na tope vilivyoshikana vikawa mawe. Miamba hiyo ilikunjwa na kupasuka, na maji ya moto kutoka kina kirefu yakapita kwenye nyufa. Yalipopoa yaliacha kwatzi, lile jiwe jeupe gumu, pamoja na dhahabu kidogo. Ndiyo maana mchimbaji hufuata mshipa wa jiwe jeupe. Mvua nayo huvunja mwamba wa juu na kusomba punje hadi mitoni.

Ni mtoni hadithi yetu ilikoanzia. Mwaka wa 1931 mlowezi Mmarekani aliyeitwa L. A. Johnson alipata dhahabu katika Mto Yala. Bei ya mahindi ilikuwa imeanguka duniani, na walowezi wengi walikuwa na madeni. Mamia walimiminika Kakamega na mahema na makarai. Punje za mtoni zilipopungua, ikabidi kuufuata mshipa chini ya ardhi, kazi inayohitaji mashine na mtaji wa kampuni. Rosterman ndio uliokuwa mgodi mkubwa zaidi. Kati ya 1935 na 1952 ulitoa takriban aunsi robo milioni, yaani karibu tani 8 za dhahabu.

Mwenye ardhi je? Sheria ya mwaka wa 1930 iliahidi kwamba ardhi ya wenyeji ingekuwa yao daima, na kwamba kipande kikichukuliwa, kingine cha thamani sawa kingetolewa. Desemba 1932 sheria hiyo ilirekebishwa. Sasa ardhi ingeweza kutengwa kwa ajili ya madini bila kutoa nyingine, fidia ikiwa ni pesa tu. Ahadi ya "daima" ilidumu miaka miwili. Wazee wetu walipinga, na hofu hiyo ya kupoteza ardhi ilichochea siasa za eneo hili kwa miaka mingi.

Sasa nimjibu kijana wangu. Mgodi hufungwa gharama ya kutoa dhahabu inapozidi bei yake, hata kama dhahabu bado ipo. Tangu 1934 bei rasmi ilikuwa dola 35 kwa aunsi, na ilikaa hapo kwa zaidi ya miaka 30 huku gharama zikipanda. Kwa hivyo usidhani kwamba mgodi uliofungwa hauna kitu. Lakini pia usidhani kwamba ni salama.

Mgodi wa chini hukaa mkavu kwa sababu pampu hazilali. Pampu zikizimwa, maji hujaa kwenye mashimo na mahandaki. Mbao zilizoshikilia mwamba huoza. Juu nyasi huota, na mahali panaonekana kama shamba la kawaida. Anayechimba karibu hapo anaweza kutoboa handaki la zamani lenye maji au hewa mbaya, asipate hata nafasi ya kupiga kelele.

Kwa hivyo vijana, msiingie shimoni baada ya mvua kubwa, wala mkiona nyufa ukingoni. Asiingie mtu peke yake. Akizimia mwenzako, usimfuate mbio: hewa iliyomwangusha itakuangusha na wewe. Akina mama, msichome zebaki jikoni. Moshi wake huharibu neva, na watoto ndio huumia zaidi.

Mwisho ni haki zenu. Kikatiba, madini ni mali ya umma chini ya Serikali ya Kitaifa. Hata hivyo, Sheria ya Madini ya 2016 inataka idhini ya mwenye shamba la kibinafsi kabla ya haki ya kuchimba kutolewa. Mrabaha hugawanywa hivi: asilimia 70 kwa Serikali ya Kitaifa, 20 kwa kaunti na 10 kwa jamii ya mahali madini yanapochimbwa. Wachimbaji wadogo nao wana kibali chao. Jiungeni katika ushirika mkiombe.

Mtu akikuletea karatasi ya kutia sahihi, mwambie aiache. Isomeni nyumbani, mama na watoto wakiwepo, kisha mtafute ushauri. Mwaka wa 1932 wazee wetu hawakuulizwa. Nyinyi lazima mwulizwe, na hamlazimiki kujibu siku hiyo hiyo.

Sasa maswali.