Wakili, Mchoraji na Mawe ya Copán

Mwezi Novemba 1839 wageni wawili walifika ukingoni mwa Mto Copán, magharibi mwa Honduras. Ng'ambo ya pili walikuta ukuta mrefu wa mawe wa mji wa kale wa Wamaya, uliomezwa na msitu. Mmoja wao alikuwa John Lloyd Stephens, wakili wa New York aliyekwisha jipatia jina kwa kitabu cha safari zake za Misri na Arabuni. Mwenzake, Frederick Catherwood, alikuwa Mwingereza, msanifu majengo na mchoraji aliyewahi kuchora mahekalu ya Misri.

Walisafiri wakati wa vita. Shirikisho la Amerika ya Kati lilikuwa likivunjika, na Stephens, aliyetumwa na Rais Martin Van Buren kuwa mjumbe wa Marekani, hakujua hati zake amkabidhi nani.

Wenyeji wakatangulia na mapanga, wakifyeka njia. Nguzo za mawe zikajitokeza, ndefu kuliko mtu, zimechongwa pande zote: mbele sura ya mtawala mwenye taji kubwa la manyoya, ubavuni na nyuma safu za alama. Baadhi zilikuwa zimeanguka, na nyingine zimekumbatiwa na mizizi.

Catherwood alichora akiwa amesimama kwenye tope, mikono ndani ya glavu kwa sababu ya mbu. Alitumia kifaa chenye prizimu kinachoonyesha taswira ya kitu juu ya karatasi ili kalamu iifuate. Hata hivyo, mwanzoni karatasi zilizoharibika zilitapakaa chini, kwani nakshi zile hazikufanana na lolote alilopata kuliona. Mkono ulipozoea, alitoa michoro ambayo wataalamu huirejea hadi leo, hasa pale mvua ilipokwisha kula jiwe.

Mwenye eneo lile, Don José María, hakuwaamini. Ndipo Stephens akafungua sanduku, akavaa koti lake la kidiplomasia lenye vifungo vikubwa vyenye nembo ya tai juu ya suruali iliyojaa matope, akaenda kuzungumza naye. Kwa maelezo yake mwenyewe, aliununua mji huo kwa dola 50. Alikusudia hata kusafirisha mawe hadi New York, jambo ambalo maporomoko ya mto yalilifanya kuwa ndoto. Heri ilivyokuwa hivyo: mbao zilizochongwa alizochukua Yucatán katika safari ya pili ziliteketea kwa moto New York, Julai 1842, pamoja na michoro mingi ya Catherwood.

Kutoka Copán walipita Guatemala hadi Palenque, kisha Uxmal huko Meksiko, ambako homa ilimwangusha Catherwood, wakalazimika kurudi nyumbani. Kitabu cha safari hiyo kilitoka mwaka 1841 na kikasomwa sana.

Uzito wa kitabu hicho uko katika hitimisho lake. Wakati huo wasomi wengi walidai kuwa majengo ya miji hiyo yalijengwa na Wamisri, Wafoinike au makabila ya Israeli yaliyopotea. Mtu yeyote, ilimradi asiwe mwenyeji. Dhuluma hiyo tunaijua hata barani kwetu, kwani Zimbabwe Kuu nayo iliwahi kunyang'anywa Waafrika kwa maneno. Stephens alikuwa ameyaona magofu ya Misri kwa macho yake, akalinganisha, akakataa. Aliandika kwamba wajenzi walikuwa mababu wa watu walewale waliokuwa wakiishi hapo, na kwamba alama zile ni historia iliyoandikwa juu ya mawe.

Zaidi ya karne moja ilipita kabla ya uthibitisho kupatikana. Mwaka 1952 Yuri Knorozov wa Urusi ya Kisovieti alionyesha kuwa alama nyingi zinawakilisha sauti za lugha, na mwaka 1960 Tatiana Proskouriakoff akabainisha kuwa maandishi hayo yanasimulia maisha ya watawala. Ngazi maarufu ya Copán, yenye alama zaidi ya 2,000, sasa inajulikana kuwa ni historia ya ukoo wa wafalme wa mji huo.

Wamaya hawakutoweka, wasikilizaji. Wach'orti' wanaishi karibu na Copán mpaka sasa, na Guatemala pekee inatambua lugha 22 za Kimaya. Basi ukisikia mtu akisema kwamba magofu hayo hayana mwenyewe, mwambie wenyewe wapo.