Nyumba na Wenyewe: Sinema ya Kimalayalam na Jamii ya Kerala



Kerala ni jimbo jembamba la kusini-magharibi ya Bara Hindi, lililobanwa baina ya milima na Bahari ya Arabu, na lugha ya ahali yake ni Kimalayalam. Nami nadai mbele yenu jioni hii kwamba sinema ya lugha hiyo, ijapokuwa imesimulia mengi ya wavuvi na ya vijana waliokwenda Ghuba kutafuta riziki, haikupata kuifichua jamii yake kwa undani zaidi kuliko ilipoingia nyumbani na kuuliza ni nani apokewaye humo, nani aamuruye, na nani atumikaye.

Swali la kwanza lilizuka kabla hata filamu hazijapata sauti. Karibu na mwaka 1930, P. K. Rosy, binti wa tabaka la Pulaya lililohesabiwa najisi, alipocheza nafasi ya bibi wa Kinayar, yaani wa tabaka la juu, katika Vigathakumaran ya J. C. Daniel, watazamaji wa matabaka ya juu walighadhibika hata ikambidi aukimbie mji, kwani hawakustahimili kumwona, japo katika picha tu, akiwa mwenye nyumba. Mwaka 1954 Neelakuyil ikalirejea jambo lilo hilo: mwalimu wa tabaka la juu amkana mwanamke wa tabaka la chini aliyempa mimba, mwanamke afariki, na mtoto alelewa na tarishi wa posta, mpaka baba akubali hatimaye kumpokea mwanawe.

Swali la pili lilipata jawabu katika Elippathayam, aliyoitoa Adoor Gopalakrishnan mwaka 1981, miaka michache tu baada ya sheria kuufuta utaratibu wa kale wa kurithi kwa upande wa mama. Unni, bwana wa nyumba kuukuu, hukata kucha zake kwa uangalifu mkubwa, humwita dada yake Rajamma aje kumfukuza ng'ombe aliyeingia uani, na akikuta matope njiani, hugeuka akarudi na mwamvuli wake. Ukatili wa wazi haumo. Umo uvivu uliorithiwa kama shamba, na aulipiaye ni Rajamma, aliyenyimwa ndoa mpaka maradhi yakamwangusha.

Swali la tatu ni la The Great Indian Kitchen ya Jeo Baby, ya mwaka 2021. Bavyaa, kwa upole na tabasamu, humtaka mkaza mwana apike wali kwa kuni na kusaga chatne juu ya jiwe. Mume, kila akiambiwa kwamba sinki lavuja, husahau kumwita fundi. Naye mume huyo ni mwalimu, na darasani husomesha habari za familia.

Kerala husifiwa, na kwa haki, kwa wingi wa watu wake wajuao kusoma. Filamu hizi hazikanushi sifa hiyo. Zathibitisha kwamba elimu yaweza kufika mlangoni ikasimama hapo, na kwamba mtafiti atakaye kuijua jamii hiyo sharti, baada ya kuzihesabu shule zake, aingie na jikoni.