Nyundo ya Dalali Haisafishi Hati Chafu



Tumeombwa tuzungumze juu ya jambo linaloulizwa mara kwa mara katika vikundi vyetu vya akiba na katika jumuiya za kanisa. Wanachama wamechanga kwa miaka mingi ili wapate mahali pa kujenga. Kisha wanaona tangazo la mnada gazetini: ploti inauzwa kwa sababu mwenyewe ameshindwa kulipa mkopo wa shirika la umma, au ushuru, au deni lililoamuliwa na mahakama. Bei inavutia. Je, mnunuzi ana haki gani? Jibu letu ni kwamba anazo haki nzito, lakini liko shimo moja ambalo haki hizo hazilifuniki.

Tuanze na haki zenyewe. Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 inamtaka mwenye rehani ampe mdaiwa notisi ya miezi 3 ya kulipa, kisha notisi nyingine ya siku 40 kabla ya kuuza. Kanuni za Madalali za mwaka 1997 zinamwongezea mdaiwa siku 45 za kuikomboa mali yake, na mnada hauruhusiwi kabla ya siku 14 kupita tangu tangazo la kwanza. Iwapo notisi hizo zilikuwa na kasoro, kifungu cha 99 cha Sheria ya Ardhi kinamkinga mnunuzi: hakulazimika kuzichunguza, na aliyedhulumiwa atamdai fidia aliyeuza. Lakini kinga hiyo haimfuniki mnunuzi aliyejua hila iliyofanyika, wala yule aliyepaswa kuijua. Anayepanga bei na dalali chemba asitarajie kulindwa.

Bei nayo ina masharti. Muuzaji anawajibika kutafuta bei bora inayoweza kupatikana. Ploti ikiuzwa chini ya thamani ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria hudhania kwamba wajibu huo umevunjwa mpaka ithibitishwe vinginevyo, na mdaiwa aweza kuiomba mahakama iubatilishe mnada. Rahisi huvunja upishi.

Mnada ukiwa wa kutekeleza hukumu ya mahakama, mnunuzi hulipa asilimia 25 papo hapo, na salio katika siku 15. Akishindwa, ploti hunadiwa upya naye huweza kupoteza alichotoa. Kwa hiyo kikundi kisichokuwa na salio mkononi kisiinue mkono. Tena mauzo hayo hayawi kamili mpaka mahakama iyathibitishe. Yakitanguliwa, mnunuzi ana haki ya kuomba arudishiwe fedha zake.

Sasa tulitazame lile shimo. Dalali hawezi kuuza zaidi ya kile alichokuwa nacho mdaiwa. Tume ya Ndung'u, katika ripoti yake ya mwaka 2004, ilieleza jinsi ardhi ya umma ilivyogawiwa kinyume cha sheria, mara nyingi kama zawadi ya siasa. Hati za namna hiyo ziliuzwa na kuwekwa rehani kama hati nyingine yoyote. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu iliamua kesi ya Dina Management na Kaunti ya Mombasa, kuhusu ploti ya ufukweni Nyali ambayo mgawiwa wake wa kwanza, mwaka 1989, alikuwa rais wa wakati huo. Kesi hiyo haikuhusu mnada, lakini fundisho lake linatugusa: ikiwa ugawaji wa kwanza ulikuwa haramu, mnunuzi wa baadaye hapati hati njema, hata kama alilipa kwa nia safi.

Kwa hiyo tusiishie kwenye jina lililoandikwa katika hati. Tuulize ardhi ilitoka wapi, nani aligawiwa kwanza, na ilikuwa imetengewa nini. Kawangware ina ploti nyingi za watu binafsi zenye hati; huko tukague daftari la msajili, rehani, mazuio, na malimbikizo ya kodi za ardhi za kaunti. Kibera ni vingine. Sehemu kubwa yake ni ardhi ya umma, na ekari 288 zilipewa hati ya jamii ya Wanubi mwaka 2017. Anayenunua nyumba ya mabati kwa barua ya chifu hanunui ardhi iliyo chini yake, hata kama ameinunua mnadani.

Mwisho, tukumbuke walio ndani ya ploti. Hata anayeikalia ardhi ya mtu binafsi bila ruhusa hupewa notisi ya miezi 3 kwa maandishi, kwa mujibu wa marekebisho ya sheria ya mwaka 2016. Sisi tuliopinga bomoabomoa za usiku tukiwa wapangaji, tusije tukazifanya tukiwa wenye ploti.

Ndugu, kabla ya kwenda mnadani, chagueni watu watatu wa kikundi, waende kwa msajili na kwa mpimaji, waikague ploti kwa macho yao, kisha wawaeleze wanachama wote waliyoyakuta. Siku chache za kuuliza zitazilinda akiba za miaka mingi.