AMRI YA ZUIO KATIKA MIGOGORO YA NYUMBA: MFANO WA IFAKARA

Aliyeibiwa mbuzi hulipwa mbuzi. Aliyebomolewa nyumba aliyolelea wanawe hupewa fedha, lakini nyumba ile hairudi. Kwa sababu hiyo sheria imeweka njia ya kulisimamisha jambo kabla halijaharibika, nayo ni amri ya zuio la muda. Mazungumzo haya yanaeleza amri hiyo ni nini, hutolewa kwa masharti gani, na kwa nini baadhi ya watu huikosa ilhali haki wanayo.

Mfano umechukuliwa Ifakara, katika Bonde la Kilombero, Mkoa wa Morogoro. Wapo wenyeji wa Visiwani wanaonunua nyumba Bara, na ardhi si jambo la Muungano. Zanzibar ina Mahakama ya Ardhi iliyoanzishwa kwa sheria ya mwaka 1994, na Bara ina mabaraza yaliyowekwa kwa sheria ya mwaka 2002. Anayenunua nyumba huko hana budi kuyafahamu.

Ifakara ni mji wa bonde la mpunga. Reli ya TAZARA, iliyojengwa kati ya mwaka 1970 na 1975, inapita hapo, na mwaka 2018 lilifunguliwa daraja la Mto Kilombero mahali palipokuwa na kivuko. Wageni wanapozidi, viwanja hutafutwa, na karatasi ya mauziano iliyoandikwa kwa mkono mbele ya mwenyekiti wa mtaa huanza kutiliwa shaka.

Na ichukuliwe kuwa mama mmoja alinunua nyumba kwa karatasi ya namna hiyo, akaishi humo miaka kumi. Muuzaji akaiuza tena kwa mtu wa pili, naye akampa mama huyo miezi miwili ahame, la sivyo mafundi watabomoa. Je, afanye nini?

Hatua ya kwanza ni Baraza la Kata. Tangu marekebisho ya mwaka 2021, baraza hilo halitoi tena hukumu katika mgogoro wa ardhi, bali husuluhisha. Likishindwa hutoa cheti cha kuthibitisha hivyo, na zikipita siku 30 bila ya suluhu, mlalamikaji anaweza kuendelea mbele bila ya cheti. Hatua ya pili ni Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, ambalo kwa Kilombero hukaa Ifakara. Baraza hilo husikiliza madai ya kurejeshewa nyumba ambayo thamani yake haizidi Shilingi milioni 300. Yanayozidi hapo hupelekwa Mahakama Kuu.

Hapo ndipo hesabu ya siku inapokuwa na uzito. Mama huyo akienda Kata siku ya kwanza, mwezi wa pili unamkuta mbele ya Baraza la Wilaya, shauri lake limefunguliwa na maombi ya zuio yameambatana nalo. Akipoteza wiki sita katika vikao vya barazani kwa jirani, mafundi watafika kabla ya siku 30 za Kata kwisha. Mahakama haizuii jambo lililokwisha kutendeka. Maji yakimwagika hayazoleki.

Masharti ya zuio ni matatu, nayo yanafuatwa tangu shauri la Atilio dhidi ya Mbowe lililoripotiwa mwaka 1969. Kwanza, pawepo hoja nzito ya kuamuliwa, na dalili kwamba mwombaji anaweza kushinda. Pili, ionekane kuwa bila ya zuio atapata hasara isiyoweza kufidiwa. Tatu, madhara ya kunyimwa zuio yawe makubwa kuliko yale yatakayompata mpinzani likitolewa. Machozi peke yake hayatoshi. Hati ya kiapo ieleze tarehe ya ununuzi, bei, mipaka na vitisho vilivyotolewa, na nakala ya karatasi ya mauziano iambatanishwe.

Aidha, yafaa ieleweke kuwa zuio si hukumu. Halimpi mtu nyumba wala halimnyang'anyi, bali huiacha nyumba kama ilivyo mpaka shauri liamuliwe. Kwa Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, amri hiyo haizidi miezi sita. Mwenye amri akiomba, inaweza kuongezwa, lakini muda wote usizidi mwaka mmoja. Asiyeangalia tarehe hujikuta hana kinga, na shauri lingalipo. Anayeivunja amri anaweza kukamatiwa mali yake au kufungwa kama mfungwa wa madai kwa muda usiozidi miezi sita. Kadhalika, aliyeliomba zuio bila ya sababu za kutosha anaweza kuamriwa kulipa fidia.

Iwapo anayetaka kubomoa ni Serikali au halmashauri, sheria inataka notisi ya siku 90 kabla ya kesi kufunguliwa. Katika kipindi hicho Mahakama Kuu inaweza kutoa zuio liitwalo Mareva, jina lililotokana na shauri la Uingereza la mwaka 1975.

Ndugu Wananchi, mwenye haki anayechelewa na asiye na haki huweza kusimama pamoja mbele ya kifusi. Karatasi ihifadhiwe, tarehe zihesabiwe, na hodi ipigwe barazani siku ile ile tishio linapotolewa.