Mama wa Sura Nyingi

Leo tunazungumza juu ya kazi ya kuigiza. Wengine wetu husema kuigiza ni mchezo tu, kazi ya mtu anayekimbia jembe. Haya, tumtazame mama mmoja wa Marekani, kisha tuamue.

Mama huyo aliitwa Cicely Tyson. Alizaliwa New York mwaka 1924. Wazazi wake walitoka kisiwa kidogo cha Nevis. Mama yake alikuwa mtu wa kanisa sana, na senema kwake ilikuwa dhambi. Cicely alikuwa mpiga taipu ofisini. Alipoanza kuigiza, mama yake alimfukuza nyumbani. Baadaye walipatana.

Mwaka 1963 alionekana katika mchezo wa televisheni, East Side/West Side, nywele zake fupi, za asili, hazikunyooshwa. Siku hizo lilikuwa jambo geni katika televisheni ya Marekani.

Mwaka 1972 ikatoka filamu ya Sounder. Humo alikuwa Rebecca, mke wa mkulima maskini asiye na ardhi yake. Mume anafungwa kwa kuiba nyama ili watoto wale. Je, Rebecca anafanya nini? Anashika jembe yeye na wanawe, mpaka mavuno yanaingia. Sisi wakulima hapo hatuhitaji kufafanuliwa.

Mwaka 1974, katika televisheni, alikuwa Jane Pittman, mwanamke aliyezaliwa mtumwa. Alimwigiza toka umri wa miaka 23 mpaka miaka 110! Sura, sauti na mwendo, vyote alivibadili. Mwishoni bibi kizee huyo anatembea polepole na mkongojo wake, anakunywa maji kwenye bomba la wazungu peke yao. Hasemi neno, lakini kila mtu anaelewa. Kwa kazi hiyo alipata tuzo ya Emmy. Mwaka 1977, katika Roots, alikuwa Binta, mama yake Kunta Kinte wa Gambia.

Sasa sikilizeni jambo kubwa. Mama huyu alikataa nafasi zilizowadhalilisha watu weusi. Fedha alizitaka kama sisi sote. Hata hivyo alikataa, na mara nyingine alikaa muda mrefu bila kazi. Lakini mvumilivu hula mbivu. Mwaka 2013, ana miaka 88, alipata tuzo ya Tony kwa mchezo wa jukwaani. Mwaka 2018 alipewa Oscar ya heshima. Alifariki Januari 2021, siku mbili tu baada ya kitabu cha maisha yake kutoka.

Basi, ndugu zetu, binti akisema anataka kuigiza, tusimfukuze. Tumwulize hivi: Utamwigiza nani? Mama mkulima ukimwigiza, watu watamheshimu, au watamcheka? Akijibu vizuri, tumpe baraka zetu.